Askari Asiye na Jina

Kuna picha moja ya Mei 1945 ambayo ukishaiona haikutoki kichwani. Ni ya mwanamke wa miaka hamsini, amejifunga kitambaa kichwani kama mama yeyote anayerudi sokoni, kavaa koti, kasimama nje ya nyumba yake. Uso umechoka. Ukisogea karibu unagundua kuna kitu amekibana kwa meno: ni beji ya tai wa Kinazi, ile waliyokuwa wakiivaa askari wa Hitler kwenye sare zao. Ameing'ata kama paka aliyerudi nyumbani na panya.

Muda mfupi kabla ya picha hiyo mama huyu alikuwa gerezani, na miezi michache nyuma yake alikuwa amehukumiwa kifo. Kosa lake halikuwa bunduki wala bomu. Kosa lake lilikuwa karatasi, gundi na mkasi.

Naandika habari zake kwa sababu ya ubishi uliozuka mezani kwetu kafeteria muhula uliopita. Jamaa mmoja wa uhandisi, mtu ninayemheshimu, alishikilia kwamba msanii anayejipiga picha mwenyewe kutwa na kujiuliza mimi ni nani anafanya anasa tu. Watu bumu halijaingia, nchi ina matatizo chungu nzima, halafu mtu yuko mbele ya kioo anajipaka poda! Wote tukacheka. Mimi nikacheka pia, maana sikuwa na la kumjibu. Baadaye, nikiwa maktaba natafuta kitu kingine kabisa, nikakutana na mama huyu wa beji. Jina lake la sanaa ni Claude Cahun.

Alizaliwa Nantes, mji wa magharibi mwa Ufaransa, tarehe 25 Oktoba 1894, akapewa jina la Lucy Schwob. Nyumba yao ilikuwa nyumba ya wino. Baba yake, Maurice, alikuwa na gazeti lake pale mjini, Le Phare de la Loire. Baba yake mdogo, Marcel Schwob, alikuwa mwandishi mwenye jina kubwa Paris. Kwa nje ni familia iliyojaliwa. Ndani, mama yake alisumbuliwa na maradhi ya akili mpaka akawa mtu wa hospitali, na mtoto akalelewa kwa muda na bibi yake mzaa baba, Mathilde Cahun, ambaye alikuwa kipofu. Huyo bibi muweke akilini, maana jina la ukoo wake ndilo mjukuu atakalokuja kulichagua. Na mtu asiniambie haina maana kwamba msanii aliyetumia maisha yake yote kuutazama uso wake alilelewa na mtu asiyeweza kuuona.

Upande wa baba walikuwa Wayahudi. Mwaka uleule aliozaliwa Lucy ndio Ufaransa ilimkamata Kapteni Dreyfus, afisa Myahudi aliyesingiziwa uhaini, na kesi hiyo ikaigawa nchi kwa miaka. Sumu yake ilifika hadi madarasani. Huko Nantes wanafunzi wenzake walimfanyia Lucy ukatili kwa sababu ya jina la baba yake, hadi mzee akaamua kumpeleka shule Uingereza, katika jimbo la Surrey. Kwa hiyo mapema kabisa, kabla hajajua lolote la sanaa, alishajua kwamba watu wanaweza kukuamulia wewe ni nani, kisha wakakupiga kwa hilo walilokuamulia.

Mwaka 1909, akiwa bado mwanafunzi, alikutana na Suzanne Malherbe, binti wa familia iliyofahamiana na yao, aliyekuwa akisomea uchoraji. Urafiki wao ukaja kuwa mapenzi, na mapenzi hayo yalidumu hadi kifo, zaidi ya miaka arobaini. Halafu likatokea jambo ambalo ukiliona kwenye filamu ya Kinaijeria utasema mwandishi kazidisha: mwaka 1917 baba yake Lucy, aliyekuwa ameshaachana na mke wake, alimwoa mama yake Suzanne, aliyekuwa mjane. Wapenzi wawili wakageuka kuwa dada wa kambo. Kwa miaka yote iliyofuata, jirani aliyeuliza kwa nini wanawake hawa wawili wanaishi nyumba moja alijibiwa kwamba ni ndugu, na wala hawakuwa wakidanganya.

Karibu na wakati huohuo Lucy alinyoa nywele zote na kuanza kujiita Claude Cahun. Claude kwa Kifaransa ni jina la wote, mvulana na msichana, kama Baraka au Furaha kwetu. Suzanne naye akajiita Marcel Moore, jina la kiume moja kwa moja. Hapa kuna kitu nimekifurahia sana kama mtu anayeandika kwa Kiswahili. Wanaoandika juu ya Claude kwa Kiingereza na Kifaransa wanatoana jasho: wamwite kwa neno la mwanamume au la mwanamke? Kila sentensi inawalazimisha kuchagua. Claude mwenyewe aliwahi kuandika kwamba jinsi isiyo ya kiume wala ya kike ndiyo pekee inayomfaa siku zote. Sisi tunasema alikuja, alikaa, alicheka, basi, safari inaendelea. Nimeandika aya zote hizi na lugha haijaniuliza swali hata mara moja. Nimemwita mama hapo juu kwa sababu ya kile kitambaa. Ningekuwa nimeanza na picha nyingine ningesema mzee, au kijana, au mtoto wa shule.

Maana picha nyingine zipo nyingi. Miaka ya mwanzo ya 1920 wawili hao walihamia Paris, na chumbani kwao, bila studio ya kifahari, wakafanya kazi ambayo leo inatundikwa kwenye makumbusho makubwa. Claude anakaa mbele ya kamera akiwa kipara, kavaa suti ya kiume, mkono kiunoni. Picha nyingine amegeuka mnyanyua vyuma wa kwenye maonyesho ya barabarani: ana chuma cha mazoezi mapajani, mashavuni kajichora mioyo, na kwenye fulana kuna maandishi ya kuwaonya watu wasimbusu kwa kuwa yuko mazoezini. Kuna ambayo kakaa kama sanamu ya Budha. Kuna ambayo kajifunika joho lililojaa barakoa, na yeye mwenyewe uso wake ni barakoa. Kuna vichwa viwili vyenye kipara vinavyotokea kwenye mwili mmoja, kimoja kinamnong'oneza kingine.

Na ile ya kioo ya mwaka 1928. Claude, nywele fupi, koti la mirabamiraba, kola kaishika shingoni kama mtu anayejikinga na baridi. Yuko pembeni mwa kioo, lakini haangalii kioo. Anakuangalia wewe. Wanawake wangapi umewahi kuwaona kwenye michoro ya Ulaya wakiwa na kioo? Karibu wote wanajitazama, ili wewe upate kuwatazama kwa raha zako. Huyu amekukamata unachungulia.

Usifikiri hizi ni selfi za siku hizi. Kwanza, karibu zote hazikuonyeshwa hadharani enzi za uhai wake. Zilikaa kwenye visanduku nyumbani. Hakuna aliyekuwa akisubiri kupendwa na watu elfu. Pili, hakuzipiga peke yake. Kwa miaka mingi wataalamu walipoanza kuziandikia waliziita picha za kujipiga mwenyewe, lakini ukitulia utajiuliza, nani alikuwa nyuma ya kamera? Katika baadhi yake kivuli cha Marcel Moore kimeingia ndani ya fremu, kiko miguuni pa Claude. Na ile picha ya kioo ina pacha wake: kioo kilekile, safari hii aliyesimama mbele yake ni Moore. Mimi nasema hizi ni picha za watu wawili, na jina la mmoja limeliwa na jina la mwenzake. Sio mara ya kwanza kwenye sanaa, na kwenye kazi za makundi hapa chuoni tunaijua sana hiyo habari.

Kazi zao zilikuwa za mikono kwa maana halisi. Mavazi waliyaunda, barakoa walizipaka, picha wakishazisafisha walizikata kwa mkasi. Mwaka 1930 Claude alichapisha kitabu chake kikubwa, Aveux non avenus, jina ambalo kwa Kiswahili ningelisema ni maungamo yasiyohesabiwa. Ni kitabu kigumu, nisikudanganye. Sio hadithi, sio shairi, sio kumbukumbu, ni vipande vya vyote hivyo. Sura zake zinafunguliwa na picha za kubandikabandika zilizotungwa na wawili hao: macho yamekatwa, midomo imepangwa pembeni mwa mikono, nyuso za Claude zimepandana kama majani ya kabichi, kila uso unaibuka chini ya mwingine. Usitegemee kufika kwenye uso wa mwisho, ule wa kweli. Haupo.

Kitabu hakikuuzika. Hata hivyo Claude hakuwa mtu wa kujifungia ndani na vioo. Mwaka 1925, jarida moja dogo la Paris lililotetea mapenzi ya jinsia moja, Inversions, liliposhtakiwa, aliandika kuunga mkono uhuru wa watu kuishi wapendavyo, wakati wengi waliofanana naye walinyamaza. Alitafsiri kwa Kifaransa maandishi ya Havelock Ellis, daktari Mwingereza aliyeandika juu ya maumbile ya mapenzi. Mwaka 1932 alijiunga na chama cha waandishi na wasanii wa kimapinduzi, akaingia kwenye duara la André Breton na Wasurialisti wenzake, kundi lililotaka sanaa ichimbuke ndotoni na kuipindua dunia. Mwaka 1934 akatoa kijitabu akibishana na wale makomredi waliotaka ushairi uwe bango la chama. Yeye alishikilia kwamba shairi linalokuamuru cha kufikiri halikubadilishi. Linalokuachia kazi ya kulimalizia ndilo linalokushika. Naomba msomaji ukihifadhi hicho, kitarudi.

Mwaka 1936, Paris ilifanya maonyesho ya vitu vya Kisurialisti kwenye duka la sanaa la Charles Ratton. Claude alipeleka vitu alivyovitengeneza mwenyewe. Kimoja kimesalia, kiko Chicago kwenye makumbusho ya Art Institute: mpira wa tenisi uliochorwa jicho na kubandikwa nywele, pembeni yake kuna mkono mdogo na kipande cha mbao chenye umbo la wingu. Mwaka huohuo alitengeneza mwanasesere wa karatasi za gazeti, kavishwa kama askari, akampiga picha. Akaandika na makala ya kuwahimiza watu wajiundie vitu vyao wenyewe vya ajabu, kwa mikono yao, kwa chochote kilichopo jikoni au mezani. Na akasema kuwa wafanyakazi wa mikono wangeielewa kazi hii kuliko wasomi, kwa sababu wao hawajatenganishwa na vitu. Mwanasesere askari, wa karatasi. Hakujua, hakuna aliyejua, kwamba alikuwa anafanya mazoezi.

Mwaka 1937 walinunua nyumba katika kisiwa cha Jersey, kisha wakahamia huko. Jersey iko chini ya taji la Uingereza lakini ipo karibu zaidi na pwani ya Ufaransa. Ni kisiwa kidogo, kidogo kuliko Mafia yetu. Nyumba yao ilikuwa kwenye ghuba ya St Brelade, imepakana na kanisa na makaburi yake. Huko walirudia majina ya nyumbani, Lucy na Suzanne, madada wawili wa Kifaransa wenye pesa kidogo na tabia za ajabu kidogo, waliokuwa wakimtembeza paka wao na kamba kama mbwa. Majirani wakazoea. Afya ya Claude haikuwahi kuwa nzuri, na Paris ilikuwa imechoka na vita vya maneno. Wangeweza kuzeeka pale kimyakimya.

Tarehe 1 Julai 1940 Wajerumani waliingia Jersey.

Uingereza ilikuwa imeamua visiwa hivyo haviwezi kulindwa na ikaondoa majeshi yake. Redio zikaja kupigwa marufuku. Amri ikatoka kwamba Wayahudi wote wajiandikishe; Claude hakujiandikisha. Hapo tu ilikuwa inatosha kumfanya mtu mwenye akili zake afunge mlango, apike supu yake na kusubiri. Wao walichukua mashine ya kuchapa.

Mpango wao ulikuwa rahisi hata kuuelezea kunachekesha. Usiku walisikiliza BBC kwa siri. Claude alitunga, Suzanne, aliyekijua Kijerumani vizuri, alitafsiri. Walichapa kwenye karatasi nyembamba kabisa, zikiwamo za kusokotea sigara, kwa karatasi za kaboni ili nakala zitoke nyingi kwa mpigo mmoja. Ndani yake kulikuwa na habari ambazo askari wa Kijerumani hawakuruhusiwa kuzisikia: meli zilizozama, miji iliyopigwa, majeshi yaliyorudi nyuma. Lakini pia mashairi mafupi, vichekesho, mazungumzo ya kubuni kati ya askari wawili waliochoka. Na chini ya karatasi, sahihi: Askari Asiye na Jina.

Hapo ndipo panaponisisimua mpaka leo. Hawakuandika kama Wafaransa wanaowachukia Wajerumani. Hawakuandika kama wanawake, wala kama Wayahudi, wala kama wasanii. Walijigeuza kuwa Mjerumani, kijana wa jeshini, mwenye mama yake anayemsubiri nyumbani, aliyeanza kuona kwamba anakufa bure. Claude alikuwa amekaa miaka ishirini mbele ya kamera akijifunza namna ya kuwa mtu mwingine hadi kwenye mboni ya jicho. Sasa alimvaa adui. Na kwa kuwa karatasi ilisemwa na askari, kila askari aliyeiokota alilazimika kujiuliza: ni nani kati yetu? Ni huyu anayelala kitanda cha jirani? Karatasi haikumwamuru kitu. Ilimwachia amalizie mwenyewe.

Kuzisambaza ndiko kulikokuwa na hatari. Wawili hawa walivaa makoti ya kizee, wakapanda basi kwenda mjini St Helier, wakapenya katikati ya askari. Karatasi ziliingia mifukoni mwao bila wao kujua. Ziliachwa kwenye magari yaliyoegeshwa, kwenye pakiti za sigara, kwenye nyaya za seng'enge, katikati ya magazeti ya Kijerumani. Walikata picha kwenye majarida ya propaganda ya Wanazi wenyewe na kuzibandika upya zikasema kinyume chake. Mkasi uleule, gundi ileile ya mwaka 1930. Walichukua sarafu za zamani wakaziandika kwa rangi ya kucha maneno ya kupinga vita, wakaziacha ziokotwe. Wajerumani walipowazika wenzao kwenye yale makaburi ya jirani, usiku walipeleka misalaba waliyoitengeneza wenyewe, yenye ujumbe kwamba kwa hawa waliolala hapa vita imekwisha. Na kuna siku kanisani lilikutwa bango lililolinganisha Yesu, aliyekufa kwa ajili ya watu, na Hitler, ambaye watu ndio wanaokufa kwa ajili yake.

Hii haikuwa kazi ya wiki mbili. Ilikuwa miaka minne. Maelfu ya vikaratasi, mikono minne.

Wajerumani walitafuta. Walimtafuta askari muasi, kikundi cha askari waasi, mtandao wa kijasusi wenye mizizi nje. Kutazama nyumba ya madada wawili karibu na kanisa, mmoja mgonjwamgonjwa, na paka wao, haikuwaingia akilini. Tarehe 25 Julai 1944 hatimaye walifika. Wakakuta redio, wakakuta mashine ya kuchapa. Claude alikuwa na miaka 49, Suzanne 52. Hata baada ya hapo maafisa hawakusadiki. Waliendelea kuuliza nani yuko nyuma yenu, viongozi wenu ni akina nani. Hakukuwa na mtu nyuma. Ndio wao tu.

Walishakubaliana zamani kwamba wakikamatwa hawatasubiri kuteswa, na usiku ule walimeza dawa walizokuwa nazo. Hawakufa. Waliugua vibaya, na ugonjwa huo, kwa maajabu ya historia, ndio uliowaokoa: majeshi ya Washirika yalikuwa yameshatua Normandy mwezi uliotangulia, njia za baharini zikawa zinazibwa, na wao walipopata nafuu hapakuwa tena na meli ya kuwapeleka bara kwenye kambi. Wakabaki kwenye gereza la St Helier, kila mtu seli yake. Humo walikuta askari wa Kijerumani waliofungwa kwa kutoroka jeshi, na wakaanza kupitishiana nao barua kwa siri. Yule askari waliyemtunga chumbani kumbe alikuwapo kweli, ana jina, na anaishi seli ya pili.

Kesi ilisikilizwa tarehe 16 Novemba 1944. Kwa mujibu wa Claude alivyosimulia baadaye, upande wa mashtaka ulieleza kwamba walichokitumia ni silaha za kiroho, nazo ni mbaya kuliko bunduki, kwa sababu ya bunduki unayajua madhara yake palepale, ya maneno huyajui yameishia wapi. Nadhani ni sifa kubwa kuliko zote walizowahi kupewa na mhakiki wa sanaa, na imetoka kwa mtu aliyetaka wapigwe risasi. Walihukumiwa kifo kwa kuchochea uasi jeshini, na juu yake kifungo kwa kosa la redio. Inasimuliwa kwamba Claude aliuliza kama watatakiwa kumaliza kifungo kwanza ndipo wauawe. Ukumbi ukacheka.

Waliambiwa waombe msamaha. Walikataa kutia sahihi. Wakuu wa kisiwa na mwakilishi wa Ufaransa wakawaombea bila wao, na Februari 1945 hukumu ya kifo ikafutwa. Walitoka gerezani tarehe 8 Mei, siku moja kabla kisiwa hakijakombolewa rasmi. Nyumbani walikuta pameporwa. Picha na kazi za miaka mingi zilikuwa zimechukuliwa au kuharibiwa. Waliyarudia maisha na vilivyobaki, na moja ya vitu vya kwanza kufanya ilikuwa ni ile picha ya beji.

Kuhusu miaka iliyofuata sina mengi. Claude alitaka kurudi Paris kwa marafiki, akaenda kutembea, lakini jela ilikuwa imemmaliza mwili. Waliendelea kupiga picha pale kijijini. Kuna mfululizo mmoja ninaoupenda, Claude kafungwa kitambaa machoni, kashika kamba, na mbele yake anatangulia paka akimwongoza njia. Namfikiria yule bibi wa Nantes. Claude alifariki tarehe 8 Desemba 1954, akiwa na miaka 60, akazikwa kwenye makaburi yaleyale ya St Brelade waliyokuwa wakiyaendea usiku na misalaba yao. Suzanne aliishi peke yake miaka kumi na saba zaidi. Alifariki 1972, akawekwa pamoja naye. Jiwe lao ni moja.

Mwaka huohuo vitu vya Suzanne vilipigwa mnada pale kisiwani, na ndani yake mlikuwa na visanduku vya picha ambavyo hakuna aliyejua ni nini hasa. Huko Ufaransa nako jina lilikuwa limeshasahaulika kiasi kwamba baadhi ya waliokutana nalo kwenye maandishi ya Wasurialisti walidhani Claude Cahun alikuwa mwanamume, na wengine walidhani aliishia kambini. Ni mtafiti François Leperlier aliyefukua habari zake na kutoa kitabu mwaka 1992. Baada ya hapo kila mtu akamtaka. David Bowie alimwandalia onyesho New York mwaka 2007. Sehemu kubwa ya picha zilizosalia sasa inatunzwa palepale Jersey, na pamoja nazo vimo vile vikaratasi vya askari, vyembamba kiasi kwamba mwanga unapita.

Yule jamaa wa uhandisi nimeshampa picha ya beji aiangalie. Alinyamaza kidogo, halafu akaniuliza nani aliyeipiga.

Mwaka 2018 jiji la Paris liliipa njia moja jina lao, kwenye eneo la sita, si mbali na mtaa walikokuwa wakiishi. Kibao kimeandikwa majina yote mawili, Claude Cahun na Marcel Moore.